Upande wa Rosaura

Pale Puerto Lapacho hakuna mtu anayealikwa saa ya siesta, usingizi wa mchana. Utaalikwa asubuhi, utaalikwa jua likishapoa, hata kwenye matanga utaalikwa. Lakini saa nane mchana, jua linapochoma mpaka mbwa wanakataa kubweka, mlango wa mwenzio haugongwi. Watoto wa mji ule hutishwa tangu wananyonya kwamba saa hiyo kuna mvulana wa nywele za dhahabu anayezunguka mitaani akitafuta wa kumchukua. Wakikua wanalicheka hilo, lakini kutoka nje bado hawatoki. Ndiyo maana Itatí alipoambiwa kwamba Doña Obdulia anamtaka saa nane, tena si nyumbani bali uwanjani, alidhani amesikia vibaya.

"Uwanjani?" aliuliza kwenye simu. "Fermín, una hakika mama yako kasema uwanjani?"

"Kasema uwanjani. Na kasema uje na raketi."

"Nije na raketi kuomba ridhaa ya ndoa? Tunaoana au tunagombea kombe?"

Fermín alicheka, lakini kicheko chenyewe kilikuwa kifupi. "We njoo tu, mpenzi. Miaka mitatu mama hataki hata kulisikia jina lako. Leo anasema njoo. Mimi hata angesema tukutane juu ya paa la kanisa, ningebeba ngazi."

"Na wewe utakuwepo?"

"Nitakuwepo. Siwezi kukuacha peke yako na yule mama, namjua. Nimezaliwa naye."

Itatí akacheka, akakata simu, kisha akakaa kitandani akiuangalia mkoba wake uliofungwa tayari. Basi la Asunción lilikuwa linaondoka saa kumi na moja jioni, na kesho yake ndege ya kwenda mashindanoni. Tiketi zilikuwa mbili. Moja yake, nyingine ya Fermín, na hiyo ya pili ilikuwa haina maana yoyote bila neno la mama. Fermín alishasema wazi: anampenda, atamfuata kokote raketi yake itakakompeleka, lakini hawezi kuondoka mjini kama mwizi. Bila baraka za mama, haendi.

Itatí Benítez alikuwa mchezaji wa tenisi, na kazi aliyoijua duniani ilikuwa moja: wawili wawili. Peke yake uwanjani hakuwa lolote wala chochote, hata wasichana wadogo walimfunga. Lakini mpe mwenzake upande wa kushoto, naye asimame kulia karibu na wavu, hapo mpira haupiti. Kazi hiyo ilimzungusha dunia nzima. Alilala vyumba vya watu wawili, akala nusu ya kila zawadi, na magazetini picha yake ilikatwa katikati kuwapisha wale wanaocheza peke yao. Mwenzake alikuwa Rosaura, dada yake Fermín, tangu wakiwa watoto wa miaka kumi wanaokimbia peku kwenye uwanja huo huo. "Wale wameoana," watu walitania, na kwa kweli kuna ndoa ambazo hazikufikia nusu ya vile walivyoelewana.

Rosaura alicheza fainali kule Santa Cruz akiwa na homa ya dengi. Walishinda. Juma lililofuata akazikwa. Makaburini, mbele ya mji mzima, Doña Obdulia alimwambia Itatí maneno ambayo hayakumtoka tena masikioni: "Ulimwona mwanangu anatetemeka, ukamwachia acheze."

Tangu hapo Itatí alibadilisha wenzake kama mtu anayebadilisha soksi. Hakuna aliyedumu msimu. Tatizo lilikuwa lile lile: mpira ukipita katikati, kati yake na mwenzake, Itatí alisimama akauangalia. Mpira wa katikati ulikuwa wa Rosaura. Ndiye aliyeuita siku zote, kwa sauti yake ya kukwaruza, "Yangu!", na Itatí akaupisha. Makocha walifoka, wenzake wakamwacha kwa ujumbe wa simu, na sasa alibaki mmoja tu aliyekubali kumjaribu, Mcheki mmoja aitwaye Radka, ambaye alisema bila kuficha: "Ukiniachia katikati, nami nakuacha."

Na Fermín? Fermín ndiye aliyekuwa akiwafungia nyuzi za raketi. Katika miaka hiyo mitatu ya majonzi, kila Itatí aliporudi mjini alimpelekea raketi zake, hata zile ambazo nyuzi zilikuwa nzima kabisa. Penzi ni kikohozi, jamani. Halifichiki.

Basi akachukua raketi mbili, akatoka. Mtaa mzima ulikuwa umefungwa, madirisha yote yameteremshwa mbao. Hakusikia redio, hakusikia mtoto. Viatu vyake tu ndivyo vilivyolia juu ya kokoto, na mara mbili alisimama kuhakikisha kwamba ni vyake.

Uwanja ulikuwa nyuma ya nyumba ya Doña Obdulia, alikoishi na wifi yake. Marehemu mumewe ndiye aliyeutunza, na alipokufa yeye akaushika. Chama cha tenisi kilishakufa zamani, lakini yule mama bado aliumwagilia maji udongo ule mwekundu kila asubuhi, akaburuta mkeka mzito wa kuulainisha, akafagia mistari ikawa myeupe kama meno. Hakukuwa na jukwaa wala ukuta, ni uzio wa waya tu na michungwa. Nyuma ya mstari wa mwisho kulikuwa na benchi la mbao. Hapo ndipo alipokaa, mwenye gauni jeusi, ameweka jagi la maji ya barafu pembeni, na mkononi pembe ya ng'ombe iliyojaa majani ya tereré, chai ya maji baridi inayofyonzwa kwa mrija.

Fermín alikuwa amesimama kwenye lango. Alivaa shati lake jeupe la sikukuu. Macho yao yalipokutana, Itatí alisahau jua, akasahau woga. Alitamani amshike uso palepale.

"Umependeza," Fermín alinong'ona.

"Nimetota jasho."

"Ndiyo hivyo hivyo."

"Mnanong'onezana nini huko?" sauti ya Doña Obdulia ikaita. "Saa hii hata mijusi imelala, nawasikia kila kitu. Njoo, binti. Keti. Hapana, si hapo! Hapo pana mtu."

Itatí aliinuka upesi kama aliyekalia kaa la moto. Upande wa kushoto wa benchi ulikuwa mtupu. Akazunguka, akaketi kulia.

Doña Obdulia akamimina maji kwenye pembe, akayaacha yanywewe na majani, maana ya kwanza ni ya mtakatifu, kila mtu anajua. Akamimina ya pili. Hiyo aliiweka taratibu juu ya benchi, upande ule mtupu, mrija umeelekezwa nje. Wote watatu wakaitazama. Kisha akaichukua, akamimina tena, akampa Itatí.

"Kunywa. Yeye kashamaliza."

Itatí alikunywa. Maji yalikuwa baridi mpaka meno yakamuuma.

"Unataka kunichukulia mwanangu," Doña Obdulia alisema.

"Nataka anioe, mama. Nampenda. Sijui kulisema kwa namna nyingine."

"Umeshanichukulia mmoja."

"Mama!" Fermín akadakia.

"Wewe nyamaza, sizungumzi na wewe. Naongea na mwenzake Rosaura." Akageukia uwanja, akanyoosha kidole. "Nimeulainisha saa sita. Ulikuwa kama unga, hata ndege hajatua. Sasa wewe si unaujua udongo? Nenda kaangalie upande wa Rosaura. Halafu urudi uniambie kama mtu anaweza kuolewa na kaka wakati dada bado anamngoja."

Itatí alitembea hadi upande wa kushoto. Kulikuwa na nyayo. Zilianzia kwenye mstari wa nyuma zikaenda hadi karibu na wavu, zikarudi. Soli zilikuwa zile za mistari ya kukunjana, viatu vya tenisi. Na pale pa kuanzishia mpira palikuwa na mchirizi mrefu wa ncha ya kiatu cha kushoto, kama mtu aliyechora upinde kwa kidole. Rosaura alikuwa wa mkono wa kushoto. Alikuwa akiburuta mguu vile vile, kila mpira alioanzisha maishani mwake. Mama yake alimnunulia viatu vipya kila baada ya miezi michache kwa sababu ya mchirizi huo.

"Yesu wangu," Itatí alisema kwa sauti ndogo.

Alichuchumaa. Na hapo, katikati ya hofu yote ile, jicho la kazi likamfunguka. Mchezaji wa tenisi huishi kwenye vidole vyake vya mguu. Nyayo zake huwa nzito mbele. Hizi zilikuwa nzito nyuma, kwenye kisigino. Zilikuwa za mtu anayetembea polepole, mtu mwenye maumivu ya kiuno. Itatí akainua macho, akatazama chini ya benchi. Chini ya gauni jeusi, Doña Obdulia alikuwa amevaa viatu vyeupe vya Rosaura, vimejaa vumbi jekundu mpaka kwenye kamba.

Fermín naye alikuwa amefuata macho yake. Uso ukamsawajika. "Mama," alianza, "hivyo viatu..."

Itatí alimtikisia kichwa: nyamaza. Neno moja tu lilitosha kumwaibisha yule mama mbele ya mwanawe, na pengine pingamizi lake lote lingeishia hapo. Lakini Itatí alimwona alivyo, mwanamke wa miaka sitini na ushee anayezunguka juani peke yake katika viatu vya mtoto aliyemzika, na huruma ikamzidi hasira.

"Anakuja kila siku, mama?"

"Kila siesta."

"Basi leo tucheze naye. Fermín, vuka wavu, chukua raketi yangu ya akiba. Mama, simama kushoto."

"Mimi?" Doña Obdulia alirudi nyuma kwenye benchi. "Mimi mzee, una wazimu?"

"Mwenzangu ana viatu tayari," Itatí alisema kwa upole. "Simama, mama."

Yule mama alielewa kwamba amejulikana. Alishusha macho akavitazama viatu, midomo ikamcheza, na Itatí akadhani atalia. Badala yake aliingiza mkono chini ya benchi, akatoa raketi ya Rosaura iliyofungwa kwenye kitambaa, akainuka.

Fermín alianzisha mpira polepole, kama unavyompigia mtoto. Doña Obdulia aliurudisha. Ulipita juu ya wavu! Akaguna kwa mshangao. Mama huyu alikuwa ameangalia tenisi maisha yake yote bila kuigusa, na mikono ilikuwa imesoma kimya kimya.

"Haya, haya!" Fermín alisema. "Mama, kumbe ulikuwa unatuficha!"

"Piga mpira, we mwehu, usinisemeshe!"

Itatí alicheka. Kwa dakika chache jua lilikuwa jua tu, na wao walikuwa familia inayocheza nyuma ya nyumba. Fermín alimwangalia juu ya wavu kwa macho yale yake ya siku zote, ya mtu anayeona chakula baada ya safari ndefu, na Itatí akafikiri: tumeshinda. Ndipo Fermín akaupiga mpira mmoja katikati, kati ya Itatí na mama.

"Yangu!"

Itatí alisimama. Miguu yenyewe ilisimama, kama ilivyofundishwa. Doña Obdulia naye alisimama. Mpira ukapita kati yao, ukadunda, ukagonga uzio. Waya ukatetemeka kwa muda mrefu kisha ukatulia.

"Nani kaita?" Fermín aliuliza. Alikuwa amegeuka rangi ya majivu.

Sauti ilikuwa na mkwaruzo. Ilitoka kushoto, nyuma kidogo ya bega la mama.

"Mmesikia?" Doña Obdulia alinong'ona. "Niambieni mmesikia. Niambieni siyo mimi peke yangu."

"Tumesikia, mama."

Yule mama akapiga magoti udongoni. Alilia kilio ambacho Itatí hakukisikia hata makaburini. "Miaka mitatu nakaa hapa! Miaka mitatu nammiminia maji, namwita jina lake, na hajanijibu hata kwa kikohozi! Nikaanza kuvaa viatu vyake, angalau nizione nyayo zake. Nilijua ni zangu, binti. Mimi si mwendawazimu. Nilijua. Lakini leo amekuja. Amekuja kwa sababu yako!"

Alijivuta, akaushika mkono wa Itatí kwa mikono yote miwili. Machozi na vumbi vilikuwa vimemchora usoni.

"Muoe, Fermín. Muoe hata kesho. Nawapa baraka, nawapa nyumba, nawapa chumba kikubwa cha mbele. Ukipenda boga penda na ua lake, nami nimempenda huyu sasa, nampenda! Ila msiende popote. Utasimama hapa kila siesta, Itatí mwanangu, upande wako. Hapa tu. Nitakupikia, nitakufulia, hutagusa kazi. Utasimama tu."

Lo! Kile alichokililia miaka yote kilikuwa mikononi mwake. Mume, nyumba, mama aliyemwita mwanangu. Na zaidi ya hayo, upande wake wa kushoto kulikuwa na ubaridi, mchana ule wa moto, ubaridi wa mtu aliyetoka kuoga mtoni akasimama karibu nawe. Alikuwa na hamu ya Rosaura mpaka inauma. Alihisi akinyoosha mkono tu, atamgusa.

"Tukae, Itatí," Fermín alisema. "Mwaka mmoja tu."

Itatí alimwangalia. Fermín hakuwa akimtazama yeye. Alikuwa akitazama mahali pale patupu, na macho yake, yale aliyoyapenda, yalikuwa yamejaa kitu ambacho hakikuwa kwa ajili yake. Hapo ndipo alipoogopa kweli. Aliiona nyumba hiyo: watu watatu wazima wakila chakula cha mchana haraka haraka, kila siku, ili wawahi kutoka nje kusikiliza.

"Piga tena," alimwambia. "Katikati, pale pale."

"Itatí..."

"Piga!"

Fermín alipiga. Mpira ulipita juu ya wavu, mwekundu kwa vumbi.

"Yangu!" Safari hii ilikuwa karibu kabisa. Ilikuwa sikioni.

"Hapana, Rosaura," Itatí alisema, akaruka kushoto, na kwa mara ya kwanza tangu mazishi akaupiga mpira wa katikati. Aliupiga hewani, kwa nguvu zake zote, ukazama kwenye kona mbali na Fermín. Kisha akabaki pale alipotua, upande usio wake, akilia kwa sauti.

"Niliona anatetemeka, mama. Niliona. Nilimwambia tujitoe, akanijibu, 'Hii ni yangu.' Na mimi kila alipouita mpira nilimwachia. Nilimwachia hata ule ambao nilipaswa kumnyang'anya. Nisamehe. Lakini sitamwachia tena, na sitakaa hapa." Akajifuta uso kwa kiganja, akabaki na udongo mashavuni. "Fermín, nakupenda mpaka naumwa. Basi linaondoka saa kumi na moja. Nitakuwa ndani yake."

Aliweka raketi begani. Fermín alimwangalia yeye sasa, yeye mwenyewe, kama mtu aliyeamshwa. "Ngoja," alisema. Akaruka wavu, akamwendea mama yake. "Mama. Nampenda huyu mwanamke. Shangazi yupo nyumbani, hutakuwa peke yako. Nibariki niende."

Doña Obdulia alikuwa ameshainuka. Alijipangusa magoti. Hakumwangalia mwanawe, wala hakumwangalia Itatí. Alivuka taratibu hadi upande mwingine wa wavu, akaokota mpira pale ulipoangukia, akasimama akitazama kushoto kwa Itatí, akitabasamu kwa haya, kama msichana anayesubiri kuchaguliwa.

"Nendeni," alisema. "Mungu awabariki, nendeni. Mnatuchelewesha."

Fermín alitaka kusema kitu. Itatí akamshika mkono akamvuta. Wakapita benchi, wakapita michungwa, wakatoka langoni, wakaishika barabara tupu. Mkono wa Fermín ulikuwa wa moto, umejaa sugu za nyuzi, na Itatí aliubana kwa vidole vyote.

Walikuwa wamefika kwenye duka la kona, lililofungwa, waliposikia mpira. Raketi moja, kisha nyingine. Raketi moja, kisha nyingine, bila kukosa, na kicheko cha Doña Obdulia juu yake, kile ambacho mji mzima ulishakisahau.

Fermín alisimama. "Itatí," alisema polepole, "mama anacheza na nani?"

"Usigeuke, mpenzi," Itatí alimwambia. "Twende."